Monika, Mama wa Augustino

Katika Kitabu cha Sala cha zamani, kile tulicholetewa na wamisionari, jina la Augustino, Askofu wa Hippo, limo katika kalenda ya watakatifu, tarehe 28 Agosti. Jina la mama yake halimo. Siku hizi majimbo mengi ya Kianglikana humkumbuka Monika tarehe 27 Agosti, siku moja kabla ya mwanawe, na mabinti wengi wa kanisa letu wamebatizwa kwa jina lake. Kule Unguja, pale Mkunazini, kando ya Kanisa Kuu la Kristo, iko nyumba ya wageni yenye jina hilo. Walakini ukiwauliza Wakristo huyu Monika alikuwa nani, wengi watakupa jibu moja tu: ni yule mama aliyelia sana hata mwanawe akaokoka.

Jibu hilo ni kweli, ila ni fupi mno, na ufupi wake umewaumiza wengine. Wako akina mama wenye wana waliokwenda mjini na kuiacha imani. Wameambiwa walie kama Monika. Wamelia, na mwana hajarudi, nao hujiuliza usiku kama machozi yao yalipungua kipimo. Kwa ajili ya hao yafaa habari yote isimuliwe, pamoja na yale ambayo kwa kawaida huachwa.

Karibu yote tunayoyajua juu ya Monika yametoka katika kalamu ya mwanawe, hasa katika kitabu chake kiitwacho Maungamo, alichokiandika kati ya mwaka 397 na 400 hivi, akiwa askofu tayari, na mama yake amekufa yapata miaka kumi. Vitabu vya Wagiriki na Warumi vilivyotangulia vilikuwa na mama na wana, lakini mara nyingi mama hao walikuwa malkia au miungu ya kike: Thetis akimlilia Achilles, Venus akimwongoza Aeneas, Jocasta na Oedipus katika msiba wao. Augustino aliandika juu ya mwanamke wa mji mdogo, mwenye mume mkali, mama mkwe mgumu na pipa la divai la kuangalia. Wachache sana kabla yake waliona kwamba mtu wa namna hiyo anastahili kuandikwa.

Monika alizaliwa mwaka 331 au 332 katika mji wa Thagaste, Afrika ya Kaskazini, mahali ambapo leo paitwa Souk Ahras, nchi ya Algeria. Wataalamu wengi hudhani jina lake ni la Kiberber, yaani la wenyeji wa nchi ile kabla ya Warumi. Wazazi wake walikuwa Wakristo. Aliyemlea hasa alikuwa mtumishi mzee wa nyumbani, ambaye zamani, alipokuwa msichana, alikuwa amembeba mgongoni baba yake Monika, kama dada wakubwa wanavyowabeba watoto hata leo. Bibi huyo alikuwa mkali. Hakuwaruhusu mabinti wa nyumba kunywa hata maji nje ya saa za chakula, kwa kuogopa kwamba wakiolewa na kukabidhiwa funguo za ghala, ile tabia ya kunywa ovyo itahamia kwenye divai.

Hata hivyo ilihamia. Monika alikuwa akitumwa kuteka divai katika pipa, na kabla ya kuimimina katika chupa alikuwa akionja kidogo kwa ncha ya midomo, kwa mchezo wa kitoto. Kila siku kidogo kikaongezeka, mpaka akawa anameza vikombe vilivyojaa. Siku moja kijakazi aliyekuwa akifuatana naye aligombana naye, akamtukana kwamba ni mlevi. Neno lilimchoma. Akaacha siku ile ile. Augustino anaisimulia habari hii bila kumwonea haya mama yake, na anashangaa kwamba Mungu alimponya binti mmoja kwa ulimi mchafu wa mwingine.

Akaozwa kwa Patricius, mtu wa baraza la mji, mwenye shamba dogo na hasira kubwa. Hakuwa Mkristo, wala hakuwa mwaminifu katika ndoa. Katika mji ule wake wengi walitembea na alama za mapigo usoni, hata wale ambao waume zao walikuwa wapole kuliko Patricius. Lakini Monika hakupigwa hata siku moja, na majirani walistaajabu. Siri yake ilikuwa kunyamaza mume anapowaka, kisha kumweleza mambo akiisha kupoa. Aliwashauri wanawake wenzake wafanye vivyo hivyo. Hapa lazima niseme kwamba shauri hilo lilikuwa la dunia yao, ambamo mke hakuwa na pa kukimbilia. Mama anayepigwa leo asiambiwe kwamba dawa ni kunyamaza kama Monika. Mama mkwe naye alikuwa amejazwa maneno na watumishi. Monika alimshinda kwa subira na heshima mpaka wakakaa pamoja kwa mapenzi. Mwishoni, yapata mwaka 371 au 372, Patricius mwenyewe alibatizwa, kisha akafa.

Walikuwa na watoto watatu tunaowajua: Augustino, Navigius, na binti ambaye baadaye aliongoza nyumba ya watawa wanawake huko Hippo. Augustino alizaliwa tarehe 13 Novemba 354. Hakubatizwa akiwa mchanga. Alitiwa ishara ya msalaba na kuonjeshwa chumvi, kama ilivyokuwa desturi ya wanafunzi wa dini. Alipokuwa mtoto aliugua tumbo karibu ya kufa, akaomba ubatizo, na mama yake akaanza kutengeneza mambo kwa haraka. Lakini mtoto akapona, na ubatizo ukaahirishwa. Watu wa siku zile waliogopa dhambi za baada ya ubatizo kuliko zile za kabla yake. Monika alifuata hofu hiyo ya wakati wake, na mwanawe alipokuwa mtu mzima aliandika waziwazi kwamba ingalikuwa heri kama angaliponywa mapema.

Tena kuna hili. Mtoto alikuwa na akili nyingi, na wazazi wote wawili walitaka aendelee na masomo hata kama mfuko umetoboka. Alipopigwa shuleni na kurudi na maumivu, wao walicheka. Alipofika miaka 16 fedha ziliisha, akakaa nyumbani mwaka mzima bila kazi, akaharibika pamoja na wenzake. Ndio mwaka walioiba mapeari ya jirani na kuwatupia nguruwe. Mama alimwonya kwa siri juu ya uasherati, lakini hakutaka kumtafutia mke, kwa sababu ndoa ingezuia masomo, na masomo yangemfikisha kwenye cheo. Alikuwa ameukimbia mji wa uovu, ila alikuwa bado akitembea polepole katika viunga vyake; ndivyo mwanawe anavyompima. Ni hukumu ya mwana anayempenda mama yake, wala hakuificha.

Basi akaenda Karthago, mji mkubwa wa bandari. Hapo akakaa kinyumba na mwanamke mmoja, akazaa naye mtoto wa kiume, Adeodatus, jina lenye maana ya aliyetolewa na Mungu. Hapo pia, yapata mwaka 373, akajiunga na Wamanikeo, watu waliofundisha kwamba kuna nguvu mbili zinazopigana tangu milele, nuru na giza, na kwamba mwili ni kazi ya giza. Alikaa nao kama miaka tisa. Aliporudi Thagaste kufundisha, amejaa majivuno ya dini hiyo mpya, Monika alimfungia mlango. Hakutaka alale nyumbani mwake wala ale naye meza moja.

Tusikipite kitendo hicho upesi. Tumezoea kumwona Monika katika picha za kanisa, amefunika kichwa na kitambaa, macho yameinuka. Mwanamke huyu alimfukuza mwanawe. Kisha akaota ndoto. Alijiona amesimama juu ya ubao mrefu wa kupimia, mwenye huzuni, na kijana mwenye uso unaong'aa akamjia akitabasamu na kumwuliza sababu ya kilio. Alipojibu kwamba anamlilia mwanawe aliyepotea, aliambiwa atazame vizuri, na pale alipokuwa yeye mwanawe yuko. Akageuka, akamwona Augustino amesimama kando yake juu ya ubao ule ule. Asubuhi alimpokea tena nyumbani. Augustino, mwenye ulimi wa kuuza maneno, alijaribu kuigeuza ndoto ile iwe na maana kwamba siku moja mama atakuja kuwa Mmanikeo. Mara moja, bila kusita, mama akamkumbusha kwamba hakuambiwa yeye yupo alipo mwanawe, bali mwana yupo alipo mama. Jibu hilo lilimgusa kijana kuliko ndoto yenyewe. Lakini miaka mingine karibu tisa ilipita bila mabadiliko.

Katika miaka hiyo alimwendea askofu mmoja, ambaye naye alikuwa amelelewa na Wamanikeo tangu utoto, akamwomba aseme na kijana. Askofu alikataa. Alisema kijana bado amevimba kwa hoja zake na hatasikia. Afadhali aachwe, mama aombe tu, naye atayagundua makosa kwa kusoma. Monika hakuridhika. Alizidi kumsihi na kulia, mpaka askofu akachoka akamwambia aende zake, maana haiwezekani mwana anayeliliwa hivi apotee. Maneno hayo yamekuwa maarufu, na mara nyingi hunukuliwa kama ahadi. Tukisoma vizuri, yalitoka kwa mtu aliyekuwa amekwisha kukasirika kidogo, na shauri lake la kwanza lilikuwa mama amwache mwana. Monika alilishika neno la mwisho. Lile la kwanza lilimchukua miaka mingi kulijifunza.

Mwaka 383 Augustino, akiwa na miaka 28, aliamua kwenda Roma, ambako wanafunzi walisemekana kuwa na adabu kuliko wale wa Karthago. Monika alimfuata mpaka pwani. Alimkamata kwa nguvu, ama arudi naye nyumbani, ama amchukue. Mwana akamdanganya. Alisema kwamba anamsindikiza tu rafiki yake anayengoja upepo. Karibu na gati lilikuwapo kanisa dogo la kumbukumbu ya Mtakatifu Sipriano, askofu wa Karthago aliyeuawa kwa ajili ya imani mwaka 258. Kwa shida alimshawishi mama yake alale humo usiku ule. Yeye akabaki ndani akiomba na kulia. Usiku upepo ukaja, matanga yakajaa, merikebu ikaondoka. Asubuhi mama alitoka pwani, akaona bahari tupu.

Msomaji aliyepita shule za Kilatini wakati ule angeitambua pwani hiyo. Katika utenzi mkubwa wa Virgil, ni Karthago hiyo hiyo Aeneas alipomwacha malkia Dido, akasafiri kwa siri kwenda Italia, na malkia akajiua. Augustino anakiri kwamba alipokuwa mwanafunzi alimlilia Dido wa kitabuni huku macho yake yakiwa makavu kwa hali ya roho yake mwenyewe. Sasa alikuwa ametenda alilolisoma, na aliyeachwa alikuwa mama yake mwenyewe. Monika hakujiua. Alipiga kelele kwa uchungu, akamlalamikia Mungu, akaulaumu udanganyifu na ukatili wa mwanawe, kisha akarudi nyumbani Thagaste kuendelea kuomba.

Usiku ule, ndani ya kanisa la Sipriano, alikuwa akiomba jambo moja: Mungu asimruhusu mwanawe asafiri. Mungu hakumpa. Kama angalipewa alichokiomba, Augustino hangalifika Italia, wala hangalimsikia Ambrosio. Augustino mwenyewe aliliona hilo alipokuwa akiandika, na anasema pia kwamba katika mapenzi ya mama yake kwake mlikuwa na tamaa ya mwili, tamaa ya kuwa naye karibu kama mama wote, ila yeye kupita wengi. Uchungu wa asubuhi ile ulikuwa fimbo juu ya tamaa hiyo. Ni neno gumu kwa mwana kuliandika juu ya mama. Mimi nadhani aliliandika kwa sababu alijua kwamba yeye ndiye aliyeishika fimbo, kwa uongo wake.

Mwaka 384 Augustino alipata kazi kubwa ya kufundisha ufasaha wa kusema mjini Milano, palipokuwa na ikulu ya Kaisari. Mwaka uliofuata Monika, mjane wa miaka zaidi ya hamsini, alivuka bahari kumfuata. Dhoruba ilipowapata, ambapo kwa kawaida mabaharia huwatuliza abiria, yeye aliwatuliza mabaharia. Alipofika, mwanawe alimwambia kwamba ameacha Umanikeo ingawa hajawa Mkristo. Yeye hakuruka kwa furaha. Alisema kwa utulivu kwamba anaamini atamwona Mkristo kabla ya kufa.

Huko Milano alijifunza kuwa mgeni. Nyumbani Afrika ilikuwa desturi kupeleka uji, mkate na divai kwenye makaburi ya wafia dini siku za kumbukumbu zao. Alipokwenda na kikapu chake, bawabu alimzuia, kwa kuwa Askofu Ambrosio alikuwa amekataza desturi hiyo isije ikawapa walevi nafasi, tena ilifanana na matambiko ya wapagani kwa wafu wao. Alitii bila kunung'unika, akaanza kuwapa maskini alichokuwa akikipeleka makaburini. Aliona pia kwamba Milano hawafungi siku ya Jumamosi, akafadhaika, asijue ashike desturi ya kwao au ya ugenini. Augustino alimwuliza Ambrosio kwa niaba yake. Ambrosio alijibu kwamba yeye mwenyewe akiwa Roma hufunga, akiwa Milano hafungi. Monika akalikubali jibu hilo. Mwaka 386, mama yake Kaisari, aitwaye Justina, alipotaka kulinyakua kanisa moja kwa ajili ya Waario, Monika alikuwa miongoni mwa watu waliokesha ndani pamoja na askofu wao. Na katika mikesha ile ndipo watu wa Milano walipoanza kuimba nyimbo na zaburi kwa namna ya makanisa ya Mashariki, wasife moyo.

Sasa twafika mahali ambapo wahubiri wengi huruka. Monika alitaka mwanawe aoe ndoa ya heshima, na yeye ndiye aliyefanya bidii kubwa kuitafuta. Binti alipatikana, lakini alikuwa bado miaka miwili kufikia umri wa kuolewa, na kwa sheria ya Kirumi umri huo ulikuwa miaka 12. Ili posa isimame, yule mwanamke aliyekaa na Augustino zaidi ya miaka kumi, mama wa mtoto wake, aliondolewa. Alirudi Afrika, akaweka nadhiri kwamba hatamjua mwanamume mwingine, akamwacha mwanawe kwa baba. Augustino anasema moyo wake ulipasuka na kutoka damu. Kisha, asiweze kungoja miaka miwili, akatwaa mwanamke mwingine. Ndoa yenyewe haikufanyika kamwe.

Jina la mwanamke yule halikuandikwa. Wengine husema Augustino alimficha kwa heshima, wengine kwa aibu. Katika jambo hili siwezi kumsifu Monika. Yeye aliyelia pwani kwa kuachwa na mwana, hapa alishiriki kumtenga mama mwingine na mwanawe. Desturi za wakati zaeleza jambo hilo, kwa maana mwanamke wa hali ya chini hakuweza kuwa mke wa mtu mwenye cheo. Lakini kueleza si kuhalalisha. Yafaa tukiwaombea akina Monika tumkumbuke na yule aliyepanda merikebu peke yake kurudi Afrika.

Kilichofuata chajulikana na wengi. Mwezi wa Agosti 386, katika bustani ya nyumba yao mjini Milano, Augustino alisikia sauti ya mtoto ikimhimiza kuchukua na kusoma, akafungua barua ya Paulo kwa Warumi, na vita vya ndani vikaisha. Aliingia nyumbani akamwambia mama yake. Alikuwa amemwomba Mungu mwana Mkristo mwenye mke mzuri na wajukuu. Akapewa mwana aliyeacha cheo, mke na yote. Alifurahi kupita kiasi. Ile posa ikavunjwa.

Miezi ya baridi walikaa shambani, mahali paitwapo Cassiciacum, katika nyumba ya rafiki. Walikuwapo Augustino, Navigius, Adeodatus, rafiki yao Alypius, ndugu wengine na vijana wawili wanafunzi. Monika aliwatunza wote kama mama wa wote. Walipokaa kujadiliana juu ya maisha ya heri, kuanzia siku ya kuzaliwa ya Augustino, tarehe 13 Novemba, mama naye alikaa kikaoni, na mwandishi akaandika maneno yake pamoja na ya wanaume. Swali lilikuwa kama mtu aliye na kila anachokitaka ana heri. Alijibu kwamba akitaka mema na kuyapata ana heri, lakini akitaka mabaya ni mnyonge hata akiyapata. Mwanawe, mwalimu wa Milano, alikubali mbele ya wote kwamba mama amefika kileleni mwa hekima kwa miguu yake mwenyewe. Safari nyingine aliona ajabu kwamba anaandikwa kitabuni, kwa kuwa hakuwahi kusikia wanawake wakiingizwa katika majadiliano ya namna hiyo. Mwisho wa siku za mazungumzo aliyafunga kwa maneno ya wimbo wa jioni aliotunga Ambrosio. Naomba msomaji aukumbuke wimbo huo.

Usiku wa Pasaka, kuamkia tarehe 25 Aprili 387, Ambrosio alimbatiza Augustino, pamoja na Alypius na Adeodatus. Mtoto alikuwa na miaka kama 15.

Wakaamua kurudi Afrika. Walifika Ostia, bandari ya Roma, na hapo wakakwama, kwa maana vita vya kugombea kiti cha Kaisari vilikuwa vimefunga njia ya bahari. Siku moja mama na mwana walisimama peke yao dirishani, wakiitazama bustani ya ndani ya nyumba waliyofikia, wakazungumza juu ya uzima wa milele wa watakatifu. Maneno yao yalipanda kutoka vitu vya dunia mpaka mbinguni, na kutoka mbinguni mpaka ndani ya roho zao, na kwa kitambo kidogo, kama pigo moja la moyo, waligusa kitu kilicho juu ya hayo yote. Kisha wakarudi kwenye sauti ya maneno yenye mwanzo na mwisho. Mchoraji Ary Scheffer aliwachora mwaka 1846, wamekaa, wameshikana mikono, wakitazama juu, na nakala ya picha hiyo iko katika Jumba la Taifa la Picha mjini London. Yule aliyemkamata mwanawe pwani kwa nguvu hapa ameushika mkono wake bila kuuvuta. Hayo ni mawazo ya mchoraji, kwa kuwa Augustino haandiki kitu juu ya mikono. Hata hivyo naona mchoraji alisoma vizuri.

Filamu hazikufanikiwa hivyo. Roberto Rossellini alitengeneza filamu ya Augustino mwaka 1972, lakini yaanza anapokuwa askofu, na mama amekwisha kufa zamani. Katika filamu ya televisheni ya Christian Duguay, ya mwaka 2010, Monika yumo, naye ameigizwa na mwigizaji ambaye kwa bahati naye aitwa Monica, Monica Guerritore. Lakini miaka kumi na saba ya kungoja ni kitu kigumu kukionyesha kwenye pazia kwa saa chache. Kitabu kina nafasi zaidi.

Baada ya mazungumzo yale mama alisema kwamba hana tena anachokitaka katika maisha haya, wala hajui kwa nini bado yupo. Siku tano zikapita, au zaidi kidogo, homa ikamshika. Siku nyingi zilizotangulia alikuwa amejitengenezea kaburi kando ya Patricius huko Thagaste, na alilijali sana jambo hilo, kwamba watu waseme kuwa baada ya kuvuka bahari alipewa kulala udongo mmoja na mumewe. Sisi Waafrika twaelewa bila kuelezwa. Navigius naye alielewa, akatamka tumaini kwamba mama asife ugenini. Mama alimtazama kwa jicho la kumkemea, akaagiza mwili wake uzikwe popote, wasisumbuke kwa hilo; aliomba kitu kimoja tu, kwamba popote watakapokuwa wamkumbuke katika madhabahu ya Bwana. Akafa siku ya tisa ya ugonjwa, katika mwaka wa 56 wa maisha yake. Augustino alikuwa na miaka 32.

Adeodatus alilia kwa sauti, wakubwa wakamnyamazisha. Evodius akachukua Zaburi akaanza kuimba, nyumba nzima ikaitikia. Augustino alimfumba mama yake macho, na yake mwenyewe akayazuia kwa nguvu, akidhani si halali kumlilia aliyekufa katika Bwana. Alikwenda kaburini na kurudi bila chozi. Alikwenda kuoga, kwa kuwa alisikia kwamba kuoga huondoa huzuni, haikuondoka. Akalala. Alipoamka yuko peke yake kitandani, ule wimbo wa jioni wa Ambrosio ukamjia moyoni, na hapo mama yake akamrudia kama alivyokuwa, upole wake na utauwa wake. Akaachilia machozi. Alilia sehemu ndogo ya saa, akaandika kwamba anayetaka kumcheka kwa hilo asimcheke, bali alie yeye naye kwa ajili ya dhambi za Augustino.

Alirudi Afrika mwaka 388. Adeodatus alikufa akiwa kijana, muda mfupi baadaye. Augustino akawa kasisi mwaka 391, kisha askofu wa Hippo, akafa tarehe 28 Agosti 430, mji wake ukiwa umezingirwa na Wavandali. Katika Maungamo yote, kitabu kirefu kilichojaa mama yake, jina la Monika limeandikwa mara moja tu. Liko mwishoni mwa sehemu ya tisa, pamoja na jina la Patricius, mahali ambapo Augustino anawaomba wote watakaokisoma wawakumbuke wazazi wake hao wawili madhabahuni.

Mwaka 1430 mifupa yake ilihamishwa kutoka Ostia, na leo kaburi lake liko Roma, katika kanisa la Mtakatifu Augustino. Katika mwaka 1945 wavulana wawili walikuwa wakicheza uani kando ya kanisa la Mtakatifu Aurea huko Ostia. Walitaka kusimamisha mlingoti wa mchezo wao, wakachimba shimo, wakagonga jiwe. Kilikuwa kipande cha marumaru chenye mashairi ya Kilatini, yale yaliyochongwa zamani kwa ajili ya kaburi la mama yake Augustino.